MASHINE YA ISAKA AMBAYO HAIKUHARIBIKA
Sehemu ya sita

Walionisoma wiki zilizopita wanajua mimi ni mtu wa aina gani, na nawashukuru kwa kurudi hata hivyo. Aliyenifungua leo kwa mara ya kwanza nitampunguzia safari.

Jina langu ni Nziza. Mimi ni wakala wa forodha hapa Gisenyi, Rwanda, yule ambaye watu wa mpakani humwita déclarant na kumlaumu kwa kila kitu. Mteja wangu mkubwa ni Hadji Mudathiru, muuza mchele, ambaye duka lake liko karibu na soko na nyumba yake iko ghorofani, juu ya duka.

Mwezi wa sita Hadji alikuwa na mabehewa mawili ya mchele kutoka Dar es Salaam. Reli iliyafikisha salama Isaka, kule ambako mizigo yetu hushushwa na kupakiwa kwenye malori, maana reli ya kufika huku kwetu bado inapita kwenye hotuba tu. Mabehewa yakalala Isaka siku kumi na tisa. Kampuni ya reli ikaleta tozo ya ucheleweshaji: faranga milioni kumi na nne.

Hadji akaniuliza sababu. Nikamwambia mashine ya kushushia mizigo iliharibika, kwa hiyo kosa ni la reli.

Mashine haikuharibika. Mashine ile ni nzima kuliko mimi.

Ukweli ni kwamba ombi la kushusha lilitakiwa kufika Isaka siku ya Ijumaa kabla ya saa kumi jioni. Mimi nililituma saa tisa na dakika arobaini, nikajipongeza, nikaagiza brosheti mbili, mishikaki yetu ya huku. Sasa, Tanzania wako mbele yetu kwa saa nzima. Kule ilikuwa saa kumi na dakika arobaini, karani amefunga dirisha na kwenda zake. Malori niliyoyakodi yakangoja mpaka kesho yake, yakachoka, yakaenda kubeba pamba. Kupata mengine kulinichukua zaidi ya wiki mbili.

Na mimi nimezaliwa Ngara, Tanzania! Nimesoma upande ule mpaka darasa la tano. Mtu mwingine angesahau saa ya Tanzania ungesema hajui, masikini. Mimi nilisahau saa niliyozaliwa nayo.

Nilitegemea Hadji atanung'unika, atanitukana kidogo, kisha atalipa, kama wanavyofanya wafanyabiashara wote wenye akili. Badala yake aliniamini. Akaajiri wakili na kuipeleka kampuni ya reli mahakamani. Ili mchele uachiliwe kesi ikiendelea, benki ilimwekea dhamana, na benki ikachukua hati ya nyumba. Akishindwa, duka na vyumba vya juu vinakwenda, na Hadji na mkewe na binti yao Nadra wanashuka ngazi na magodoro kichwani.

Hapo ndipo tulipoachana wiki jana. Sasa tuendelee kuzama.

*

Jumatatu, wakili wa Hadji alituita ofisini kwake. Anaitwa Maître Uwera, ni kijana, mwembamba, na anaandika kila unachosema. Ukikohoa pia anaandika.

"Bon," alisema. "Nina habari muzuri. Tumepata mashahidi wengine."

"Wa nini?" niliuliza.

"Wa ile mashine."

Nilidhani sikusikia vizuri. Nikamwomba arudie.

"Mawakala watatu wa hapa hapa Gisenyi," alisema. "Wateja wao pia mizigo ilichelewa Isaka mwezi wa sita. Wote wanasema mashine ilikufa. Mumoja, Kenny, anasema hata mafuta ilimwagika chini, watu wakateleza."

Mafuta yale nisiyajue vipi? Niliyamwaga mimi mwenyewe, kwa mdomo wangu. Siku nilipomdanganya Hadji niliona uongo umekauka, nikauongezea mafuta. Nikamwongezea na fundi, nikampa jina, Faradji, nikamtoa Tabora kwa pikipiki. Nilijitahidi sana siku ile. Laiti ningejitahidi hivyo Ijumaa.

Hadji alinigeukia. Macho yake yalikuwa na machozi kidogo, na mimi nikatamani sakafu ya Maître Uwera ipasuke.

"Mungu iko, mutoto yangu," alisema. "Watu ya soko walisema, Hadji, we unapigana na reli, utapoteza nyumba. Mi nikasema, hapana, Nziza ameniambia. Nziza hawezi kunidanganya. Sasa unaona?"

"Naona, Hadji," nilisema.

Nilikuwa naona kweli. Nilikuwa naona magodoro.

*

Nilitoka pale moja kwa moja hadi Grande Barrière, kivuko kikubwa cha kuingia Goma. Sisi mawakala tuna kibaraza chetu karibu na mpaka, benchi mbili na meza, tunakaa pale tukingoja karatasi zitoke. Tunachangia chai, tunachangia chaja ya simu, tunachangia muhuri ukipotea. Kumbe siku hizi tunachangia na udhuru.

Kenny alikuwa anakula chapati.

"Kenny, umewahi kufika Isaka?"

"Nitaenda Isaka kufanya nini?"

"Mafuta uliyaona wapi?"

Alinitazama kama mimi ndiye mgonjwa. "We ndiye ulisema! Ulikuwa hapa hapa, unaongea na Hadji kwa simu, sisi wote tunasikia. Nikasema, ah, hii ni udhuru muzuri, iko na mafuta, iko na fundi. Mteja yangu alikuwa ananisumbua juu ya mizigo yake. Nikamupa mashine. Akanyamaza."

"Na wale wengine wawili?"

"Waliniomba. Nikawapa."

"Bure?"

"Mumoja alininunulia Fanta."

Nilikaa kwenye benchi. Nilimweleza kwamba ile ni mahakama, siyo mteja anayesumbua kwa simu. Nilimwomba aende kwa Maître Uwera afute alichosaini.

Kenny aliacha kutafuna. "Nifute? Sikiliza, Nziza. Mteja yangu alipeleka ile barua ya mashine kwa watu ya reli, na wao wakamusamehe tozo ya siku tano. Siku tano, bwana! Mi nikisema sasa mashine haikufa, hizo siku ananidai mimi. Niko na watoto. Mashine ilikufa. Mafuta ilimwagika. We iache ilale."

Hivyo ndivyo nilivyogundua kwamba uongo wangu una wategemezi.

*

Mke wangu Joanita anajua yote. Nilimweleza wiki mbili zilizopita, na tangu siku hiyo ananipakulia chakula bila kuniangalia. Amekulia Uganda, Mbarara, na akikasirika Kiingereza kinapanda.

"You man," aliniambia Jumatano asubuhi, siku ya kwenda mahakamani, mimi nikifunga tai. "Mama yangu anapiga simu kutoka Mbarara kila siku. Anasema, laleni, usiku umeenda. Na hapa mimi bado niko na sufuria kwa moto. Kila siku! Twelve years! Na wewe ukasahau kwamba saa za Uganda na Tanzania ziko mbele?"

"Nilisahau."

"Sasa leo unaenda kusema nini?"

"Sijui."

Alinirekebisha kola, kwa nguvu kuliko ilivyohitajika. "Siku ya harusi yetu baba yako alikuwa amekufa. Nani alisimama mahali pake? Suti ilikuwa ya nani?"

Suti ilikuwa ya Hadji. Mikono ilinipita kidogo, tukaikunja kwa ndani, na kwenye picha haionekani.

"Utamwambia leo," alisema Joanita. "Ukirudi hapa hujamwambia, please, mimi naenda pale dukani, namwambia mbele ya Nadra na mama yake."

Nilimwambia nitasema. Alianza kutafuta viatu vyake vya kutokea. Neno langu lilikuwa limeshuka bei nyumbani kwangu.

*

Kwa wasiojua: kesi ya namna yetu haiendi kwa jaji moja kwa moja. Kwanza mnakaa na karani wa mahakama, mnajaribu kupatana. Karani wetu anaitwa Narcisse, mtu wa makamo, mpole, mwenye kalamu tatu mfukoni. Upande ule alikaa wakili wa reli, Maître Sano, aliyetoka Kigali alfajiri na aliyeonekana kutaka kurudi kabla ya chakula cha mchana.

Hadji alikuwa amevaa kanzu mpya. Alikuwa na bahasha, na ndani ya bahasha maelezo ya mashahidi wote wa mashine, yaliyopigwa muhuri.

Maître Sano aliyasoma. Akayasoma tena. Akavua miwani.

"Watu wa Isaka wanasema mashine yao haijawahi kuharibika mwaka huu," alisema. "Wanasema hivyo kwa simu. Rejista nimewaomba, hawajaituma. Na ninyi hapa mna watu wanne, kila mmoja ameona mafuta."

"Na fundi," alisema Hadji.

"Na fundi. Sawa. Mteja wangu hataki kelele. Hadji ni mteja wa siku nyingi. Tunaondoa nusu ya tozo. Alipe milioni saba, dhamana ifutwe, tupeane mikono."

Jamani, nisikilizeni. Milioni saba Hadji anaweza. Angeuza ile pickup, angekopa kidogo kwa shemeji yake wa Goma, hati ya nyumba ingerudi sandukuni. Uongo wangu, ule ambao nilidhani tutazama nao, ulikuwa umemwokoa! Nilijisikia nataka kumkumbatia Kenny. Nilitaka hata kumnunulia Fanta ya pili.

Maître Uwera alimnong'oneza Hadji. Niliona midomo yake: kubali, kubali. Narcisse alisogeza karatasi na kuweka kalamu moja juu yake.

Hadji hakuigusa.

"Nziza," alisema. "We unasema aje?"

"Saini, Hadji," nilisema haraka. "Ni bei nzuri."

"Lakini mashine ilikufa."

"Ndiyo, lakini saini."

"Kama kosa ni yao yote, kwa nini mi nilipe nusu? Mutu ananiibia mbuzi, halafu ananiambia tugawane?" Aliwatazama wote mezani, mmoja mmoja. "Mi sina shida ya saba. Nina shida ya haki. Donc, Nziza, uniambie hapa. Kama iko na kitu moja tu ambayo sisi tulikosea, nasaini sasa hivi. Kama hakuna, faranga moja silipi, twende kwa jaji."

Chumba kizima kiliniangalia.

Kwa jaji, rejista ya Isaka ingefika. Ingeonyesha mashine ikifanya kazi siku zote kumi na tisa, na ombi letu likiingia kwa kuchelewa. Hadji angelipa yote pamoja na gharama, na nyumba ingekwenda.

"Naomba tutoke nje dakika tano," nilisema. "Mimi na Hadji."

Narcisse alitikisa kichwa kukubali. Tulitoka kwenye korido. Mlango nyuma yetu ulikuwa wa mbao nyembamba, na sikuufikiria. Niliufikiria baadaye.

*

"Hadji," nilisema. "Mashine haikuharibika."

"Nini?"

"Haikuharibika hata siku moja. Kosa ni langu. Nilituma ombi saa tisa na arobaini ya huku, kule saa kumi ilikuwa imeshapita. Malori yakaondoka. Niliogopa kukwambia, nikabuni ile mashine. Saini hiyo nusu, Hadji, nakuomba. Okoa nyumba. Hizo milioni saba nitazilipa mimi, kidogo kidogo, mpaka nife."

Nilikuwa nalia, sina sababu ya kuficha. Wiki saba nilikuwa nimebeba kitu kile kifuani. Nilingoja kofi. Nililitaka lile kofi.

Hadji hakunipiga. Alikuwa anafikiri.

"Kenny aliona mafuta," alisema.

"Kenny hajafika Isaka maisha yake yote."

"Na wale wawili?"

"Walisikia kwa Kenny."

"Kenny alisikia kwa nani?"

"Kwangu, Hadji."

"Na Faradji? Yule fundi?"

"Hakuna Faradji. Nilimbuni."

"Ulimubuni na pikipiki yake?"

"Na pikipiki yake."

Nilimwona akiziweka hesabu zake sawasawa, jinsi anavyopanga magunia, na nilianza kuogopa jumla atakayoipata.

"Wiki saba," alisema polepole, "unaniambia mashine ilikufa. Watu ine wanasema ilikufa, wanasaini, wanapiga muhuri. Reli yenyewe inaogopa, inanirudishia nusu. Halafu leo wakili anatoka Kigali, na leo hii hii, we peke yako, unaniita pembeni unaniambia haikufa. Unaniambia nisaini haraka."

"Kwa sababu ndiyo ukweli, Hadji."

"Unaniambia mashine haikuharibika!"

Hadji kwa miaka arobaini amekuwa akiita wapakuaji mizigo kutoka dirisha la ghorofani, na wao wako upande wa pili wa soko. Nadhani walimsikia hata wanaopanga foleni Petite Barrière, kile kivuko kingine cha mpakani.

Mlango wa mbao ukafunguka. Maître Sano alisimama pale, miwani mkononi. Nyuma yake Maître Uwera alikuwa na kalamu hewani. Kwa mara ya kwanza tangu nimjue, hakuwa anaandika.

"Nimesikia vizuri?" aliuliza Maître Sano. "Shahidi wenu anasema mashine ilikuwa nzima?"

Maître Uwera aliishusha kalamu polepole.

"Basi ile nusu naiondoa. Tunadai yote, na gharama za kesi juu yake." Alivaa miwani yake. Alionekana hana haraka tena ya chakula cha mchana.

"Maître, hayo yalikuwa mazungumzo ya faragha," alianza Uwera.

"Kwa sauti ile?"

Hadji hakuwasikiliza. Alikuwa ananitazama mimi. Sauti yake, iliyotetemesha jengo dakika moja kabla, ilikuwa imeshuka kabisa.

"Walikupa ngapi, mutoto yangu?"

"Hakuna aliyenipa kitu, Hadji. Wallahi."

"Usiape kwa Mungu yangu." Alinikamata mkono, siyo kwa hasira. "Kama ulikuwa na shida ungeniambia. Mi ningekupa mara mbili."

Nilitafuta neno moja, la kweli au la uongo, ambalo lingeweza kumfikia mzee yule. Nilikuwa nimeyamaliza yote, ya aina zote mbili.

Hadji akaniachia mkono na kumgeukia karani, ambaye naye alikuwa amefika mlangoni.

"Bwana Narcisse, andika. Mi napeleka kesi kwa jaji. Na andika tena: huyu shahidi yangu, reli imemununua."

Maître Sano alicheka. Alipoona hakuna mwingine anayecheka, akaacha.

"Hadji," alisema Narcisse kwa upole, "neno hilo la rushwa likisemwa ndani ya jengo hili, mimi sina ruhusa ya kulisahau. Nikiliandika, linakwenda kwa wapelelezi leo. Huyu atalala mahabusu. Fikiri kwanza."

Hadji alifikiri. Aliniangalia kuanzia viatu mpaka tai, na kwa sekunde moja niliona uso wa yule mzee aliyenikunjia mikono ya suti. Kisha uso ule ukajifunga.

"Andika," alisema.

Narcisse alirudi mezani. Akaiweka kando karatasi ya mapatano, akachukua nyingine safi. Askari wa mlangoni alisogea, akasimama kati yangu na ngazi, bila kunigusa. Karani aliniuliza jina, nikalitaja. Akaniuliza ninapoishi, nikamwambia. Akaniuliza namba ya kitambulisho.

Nikaitaja yote, tarakimu kumi na sita, kwa moyo. Katika yote niliyosema siku ile, hilo ndilo pekee ambalo hakuna aliyelitilia shaka.